Tulilipa Ili Tutembee

Mama mwenzangu, kama miaka ya nyuma ungeniambia kwamba siku moja mimi, mwanamke wa Karagwe, nitatoa fedha ili nitembee kwa miguu, ningekucheka mpaka machozi yanitoke. Kutembea? Tangu nina miaka saba nimepanda na kushuka vilima vya kwetu nikiwa na ndoo ya maji kichwani, baadaye mkungu wa ndizi kichwani na mtoto mgongoni. Hakuna aliyewahi kunilipa kwa safari hizo, na wala sikufikiri kuna mtu mwenye akili timamu anayeweza kulipia shida ya namna hiyo.

Hata hivyo nimelipa, na sijuti. Acha nikusimulie ilivyokuwa, maana huenda na wewe unaishi katika nyumba yenye ukimya kama ilivyokuwa yangu.

Ukimya wa Mwalimu

Tunaishi Omurushaka, pale barabara ya kwenda Kyerwa inapoachana na ile ya Kayanga. Mume wangu alifundisha shule za msingi kwa miaka thelathini na minne, na somo alilolipenda kuliko yote lilikuwa historia. Mji mzima humwita Mwalimu, nami pia humwita hivyo.

Alipostaafu, nilifurahi. Nilidhani sasa nimepata mwenzangu wa kuzungumza naye mchana. Lakini mambo yakawa kinyume. Asubuhi aliingia kwenye migomba, mchana alikula, jioni aliwasha redio, usiku alilala. Ukimwuliza jambo alijibu “ndiyo,” “hapana,” au “sawa.” Miezi ikapita, ukafika mwaka wa pili. Wenzangu wa jumuiya walinishauri nivumilie na kuomba. Nilivumilia na niliomba. Lakini nataka kuwa mkweli: pia niliutumia ukimya ule kwa faida yangu.

Binti yetu wa mwisho alikuwa amemaliza masomo katika chuo kimoja huko Lushoto, mkoani Tanga. Alikuwa amebakiza deni la ada, na bila kulilipa asingevaa joho pamoja na wenzake. Aliniandikia mimi, hakumwandikia baba yake. Nami sikumwambia baba yake. Nilikwenda kwa mfanyabiashara mmoja, nikamwuzia gunia mbili za kahawa kwa butura.

Kwa msomaji ambaye si wa Kagera nieleze: butura ni kuuza kahawa ikiwa bado maua mtini. Mnunuzi anakupa fedha leo, kwa bei ndogo sana, na msimu ukifika anakuja kuchukua mzigo wake. Serikali imekataza, vyama vya ushirika vinakemea, lakini mama mwenye shida ya ada haulizi sana. Tena kahawa ile haikuwa yangu peke yangu. Ilipandwa na baba mkwe wangu, na kwa desturi ya kwetu kahawa huhesabiwa kuwa ni ya baba wa nyumba.

Fedha zilifika chuoni. Siri ilibaki kifuani. Kila nilipopita shambani na kusikia harufu ile tamu ya maua meupe ya kahawa, niliona kama maua yananisema.

Safari ya Lushoto

Mahafali yakawadia, tukafunga safari sisi wawili. Tulipanda basi alfajiri, tukapita Biharamulo, Kahama na Singida, tukalala Dodoma. Kesho yake tukashika njia ya Morogoro, Chalinze na Segera, tukateremka Mombo, chini ya milima ya Usambara. Siku mbili nzima tulikaa bega kwa bega, na nadhani hatukuzungumza maneno mia moja.

Hapo Mombo, bondeni, nikaona mashamba ya mpunga yenye maji, kijani kibichi mpaka macho yanapumzika. Kisha gari dogo likaanza kupanda. Ni kilomita kama thelathini na tatu kufika Lushoto, na karibu zote ni kona, huku mto ukipiga kelele pembeni. Tulipofika Soni nilikuwa nimeshika kiti kwa mikono yote miwili.

Mahafali yalikwenda vizuri. Nilimwona mtoto wangu amevaa joho, nikalia, na nusu ya machozi yale ilikuwa ya furaha.

Jioni yake binti akatuambia, “Baba na Mama, msiondoke kesho. Nimezungumza na kijana mmoja mwongozaji wa wageni. Atawatembeza siku mbili vijijini na msituni.”

Nikaguna. “Kwa bei gani?”

Akanitajia. Ilikuwa kama bei ya kuku wawili wa kienyeji kwa kila siku, kwa sisi wote wawili, mbali na chakula.

“Mwanangu,” nikasema, “mimi nimetembea maisha yangu yote bure.”

Akacheka, akanishika bega. “Mama, wewe hujawahi kutembea bila mzigo.”

Nilifungua kinywa nimjibu, nikakosa neno.

Ngazi za mlimani

Kijana alikuja saa moja asubuhi, na fimbo mbili alizotuchongea. Alitueleza kwamba kazi yao si ya kubahatisha. Katikati ya miaka ya 1990 Bodi ya Utalii Tanzania, ikisaidiwa na shirika la SNV la Uholanzi, ilianzisha utalii wa utamaduni katika sehemu mbalimbali za nchi, na Lushoto ilikuwa miongoni mwa za mwanzo. Wazo lilikuwa rahisi: mgeni asiye na fedha nyingi atembee kwa miguu na kijana wa hapo hapo, ale chakula alichopika mama wa kijiji, na sehemu ya malipo isaidie kazi za kijiji.

Siku ya kwanza tulikwenda Irente, mwendo wa kama kilomita sita. Tulipita katikati ya nyumba za watu. Akina mama walitusalimu, watoto walitukimbilia. Nilimwona mwanamke wa umri wangu akipanda na furushi la kabichi kichwani, nikataka kumtua. Kwa mara ya kwanza nilijiona mwenyewe kwa nje.

Mashamba ya huko yamekatwa ngazi ngazi juu ya mlima. Ngazi moja ina karoti, ya chini yake kabichi, ya chini yake maharage na viazi. Kijana alitwambia kwamba wageni wengine humwonyesha picha za milima ya Ifugao, huko Ufilipino, ambako watu wamejenga ngazi za namna hiyo na kuzijaza maji wakalima mpunga mpaka karibu na kilele. Tangu mwaka 1995 mashamba yale ya Ufilipino yamo katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO. “Sisi mpunga tumeuachia Mombo,” akasema. “Huku juu ni mboga.”

Akatuonyesha ukingo wa ngazi moja uliopandwa majani marefu ya guatemala. Akasema, “Mizizi ya majani haya hushika udongo. Ukingo mmoja ukibomoka na mwenye shamba akanyamaza, mvua ikinyesha maji humwangukia jirani wa chini, naye humwangukia wa chini yake. Kwa hiyo mtu akiona ufa, husema siku ile ile.”

Nilitazama pembeni.

Halafu akasimulia kwamba Waingereza, baada ya Vita Kuu ya Pili, waliwalazimisha watu wa Mlalo, humo humo Usambara, kulima matuta ya kuzuia mmomonyoko. Jembe lilishikwa zaidi na wanawake. Watu walichukia, na kabla ya Uhuru mpango ukaachwa. Ni baadaye, katika mradi wa miaka ya 1980 uliosaidiwa na Ujerumani, ndipo wakulima wengi walipopanda majani na miti kwa kukubali, kwa kuwa mara hii walishirikishwa.

Ghafla nikasikia sauti nyuma yangu. “Uluguru pia, mwaka 1955. Watu walikataa kuchimba ngazi, ghasia zikatokea, hata damu ikamwagika. Kosa halikuwa ngazi. Kosa lilikuwa kumwamuru mtu bila kuzungumza naye.”

Alikuwa Mwalimu. Nilihesabu maneno yale kama mtu anayehesabu noti.

“Kwenu kuna nini?”

Pale Irente mwamba unakatika, na chini kabisa unaona tambarare mpaka macho yanachoka. Tulikaa tukala mkate na jibini kutoka shamba la Kanisa la Kilutheri lililo jirani. Kijana akaniuliza kwa adabu, “Na kwenu Karagwe, Mama, mgeni akija mnamwonyesha nini?”

“Kwetu hakuna kitu,” nikajibu. “Ni vilima na migomba tu.”

Mwalimu akaweka mkate chini.

“Hakuna kitu?” akasema. Kisha akaanza. Alisimulia juu ya Bweranyange, makao ya Mfalme Rumanyika, na jinsi Waingereza wawili, Speke na Grant, walivyofika kwake mwezi wa Novemba 1861 wakitafuta chanzo cha mto Nile. Walipenda nchi ile hata ziwa moja wakaliita Windermere kwa kukumbuka kwao. Alisimulia jinsi mguu wa Grant ulivyooza kwa kidonda, akashindwa kutembea, na mwenzake akamwacha Karagwe mwezi wa Januari 1862 akaenda Buganda. Miezi mitatu Grant alilala kwa wenyeji wetu wakimtunza, mpaka mwezi wa Aprili alipoondoka akiwa amebebwa kwa machela.

“Na wake wa ikulu?” kijana akauliza.

“Hao hawakutembea kabisa,” Mwalimu akasema, na kijicho chake kikanijia. “Walinyweshwa maziwa tangu wakiwa wasichana, na baba amesimama na fimbo. Uzuri ulikuwa unene. Speke alimwona mmoja, mke wa ndugu wa mfalme, asiyeweza kusimama. Akampima mkono, kifua na paja, akaandika vipimo katika kitabu chake kilichotoka mwaka 1863.”

“Lo!” nikasema. “Alimpima mke wa mtu?”

Tukacheka wote watatu, mpaka Mwalimu akafuta macho kwa shati. Nilikuwa sijamsikia akicheka tangu siku ya sherehe yake ya kustaafu. Aliendelea kusimulia njia nzima ya kurudi. Mimi nilitembea nyuma nikimtazama mgongo, nikawaza: mtu huyu hakuninyima maneno kwa hasira. Alinyang'anywa darasa, na hakuna aliyemwuliza swali tena. Hata mimi.

Msituni

Siku ya pili tuliingia msitu wa Magamba, ambao tangu mwaka 2010 ni hifadhi ya mazingira asilia. Pana kiingilio, na sisi wananchi tunalipa kidogo kuliko wageni wa nje. Ndani ni baridi na kimya. Kijana alituonyesha mbega weusi kwa weupe wakiruka, na mikulo mikubwa ambayo watu watatu hawawezi kuikumbatia. Alisimulia pia juu ya ua dogo la zambarau la milima ya Usambara. Mjerumani mmoja alilipeleka kwao mwaka 1892, na leo linapandwa kwenye vyungu vya madirishani dunia nzima, na wengi wanaolimwagilia hawajui lilikotoka.

Palipokuwa na mwinuko mkali kijana alitangulia. Tukabaki wawili. Nikaona nisipousema ule ufa wakati huo, sitausema tena.

“Mwalimu,” nikasema, “niliuza gunia mbili za kahawa kwa butura. Ndizo zilizolipa deni la ada.”

Hakujibu. Aliendelea kupanda. Nilisikia pumzi yake na fimbo ikigonga mawe. Tulitembea hivyo kwa muda ambao kwangu ulikuwa kama mwaka. Nakuhakikishia, mama mwenzangu, kama tungekuwa nyumbani, angetoka nje na kufunga mlango, nami ningekwenda jikoni. Lakini njia ya msituni ni moja. Hakuna jikoni.

Kwenye kijito kilichopitiwa na gogo alisimama, akageuka, akanipa mkono nivuke.

“Kwa nini hukuniambia?”

“Ulikuwa huongei.”

Akakaa kimya, kisha akasema, “Na wewe hukuniuliza.”

Tulikaa juu ya gogo lile. Na yeye akanieleza lake. Sehemu ya kiinua mgongo chake alikuwa amemkopesha ndugu yake, hakikurudi, na aliona haya kuniambia. Ndiyo sababu kila nilipotaja fedha aliongeza sauti ya redio. Nilikasirika. Siwezi kusema uongo, nilikasirika sana, na tukabishana pale msituni mpaka kijana akarudi kutuangalia kama tumepotea, akatuona, akageuka polepole akaenda zake. Hekima ile hakufundishwa na mtu.

Jioni tulitokea Lukozi, penye malori ya mboga, tukapanda daladala kurudi mjini. Mwalimu akasema dirishani, kama mtu anayejisemea, “Kahawa ile ataichukua. Umeshatoa neno. Ila kuanzia msimu huu miti tutaihesabu pamoja.”

Gunia mbili

Mwezi wa Julai mfanyabiashara alikuja. Tulisimama pamoja uani, Mwalimu na mimi, wakati kahawa ikipimwa. Bei ya msimu ilikuwa zaidi ya mara mbili ya ile niliyopewa. Bati tulizotarajia kununua hazikununuliwa mwaka ule, na mvua ya vuli ilituvujia chumbani tukahamisha kitanda. Sikusamehewa hasara, tuliibeba. Lakini tuliibeba wawili, na mzigo wa wawili, wewe unajua, una uzito mwingine.

Tangu hapo, Jumamosi moja kila mwezi tunatoka asubuhi, bila ndoo wala jembe, tunapanda kilima kimoja cha kwetu. Mara ya kwanza majirani walituuliza kama tumefiwa. Sasa wamezoea. Nakumbuka wale wanafunzi wawili wa njia ya Emau. Nao walizungumza yaliyowalemea wakiwa wanatembea, na mtu wa tatu akaungana nao njiani.

Mwaka uliofuata akina mama wa jumuiya yetu walichanga nauli, Mwalimu akatupeleka Bweranyange. Tulipanda gari sehemu ya njia, iliyobaki tukatembea. Wengi wao wamezaliwa Karagwe na hawakuwahi kufika. Alisimulia tangu asubuhi mpaka jua likageuka. Mwishoni wakamkusanyia fedha kidogo katika kitambaa. Alikataa. Nikamwambia, “Pokea, Mwalimu. Yule kijana wa Lushoto tulimlipa, nawe ndiyo kazi yako.” Akapokea.

Kama unataka kujaribu

Mama mpendwa, huhitaji kwenda mbali, lakini ukipata nafasi zingatia haya machache. Mtafute mwongozaji anayetambuliwa katika ofisi ya utalii ya mahali hapo, si wa kukutana naye stendi. Patana bei kabla ya kuanza: ya mwongozaji, ya kiingilio, na ya chakula. Vaa viatu ulivyokwisha kuvizoea, uchukue maji na sweta, maana milimani Juni na Julai ni baridi. Epuka masika, kuanzia Machi hadi Mei, njia huteleza. Kula kwa mama wa kijiji na umlipe bila kumpunguzia sana. Yeye pia ana ada za kulipa.

Na jambo la mwisho: nendeni wawili tu, msiwachukue watoto. Mkiwa njiani, mwulize mwenzako swali moja ambalo unajua atapenda kulijibu. Kisha unyamaze, umsikilize mpaka amalize.